Miezi Iliyofanyizwa na Watu, na Habari Zake katika Pwani Yetu

Jioni jua likisha kuchwa, giza lisipotanda bado sawasawa, mtu akiketi uani hapa Kikatiti na kutazama juu, haitapita saa nyingi kabla hajaona nyota iendayo. Haianguki ghafula kama kimondo, wala haiwaki na kuzimika kama taa ya ndege ishukayo uwanja wa KIA. Yaenda kwa mwendo mmoja, toka upande mmoja wa mbingu hata wa pili, kwa dakika 4 au 5, na mara nyingine yatoweka katikati ya mbingu pasipo wingu lo lote. Wazee wengine huuliza kama ni ishara. Jibu ni kwamba ile si nyota. Ni chombo cha chuma kilichofanyizwa na watu, kiitwacho setilaiti, nacho hatukioni kwa taa yake. Twakiona kwa sababu kiko juu sana, na jua ambalo kwetu limekwisha kuchwa huko lingali likikiangaza. Kikiingia katika kivuli cha dunia chazimika.

Neno hili setilaiti asili yake ni Kilatini, na maana yake ni mtumishi aandamanaye na bwana wake. Wenye elimu ya falaki wa Ulaya walianza kulitumia kwa habari za miezi baada ya mwaka 1610, Galileo alipoelekeza darubini yake kwenye sayari ya Mshtarii, akaona nyota ndogo 4 zikiizunguka usiku hata usiku. Tangu hapo ilijulikana kuwa dunia yetu siyo peke yake yenye mwezi. Basi mwezi tuujuao ndio setilaiti ya asili, iliyowekwa na Muumba, na zile nyota ziendazo ni setilaiti za kufanyizwa, ambazo watu wamezirusha tangu mwaka 1957. Lakini nia yangu hasa katika maneno haya ni kueleza jambo ambalo halijulikani sana kwetu, wala sikulikuta katika vitabu nilivyosomeshwa: ya kuwa habari za miezi hii ya watu si habari za Marekani na Urusi tu. Sehemu yake moja kubwa ilitendeka katika pwani ya Waswahili, Unguja kwanza na Malindi baadaye, na mmojawapo wa miezi hiyo ulipewa jina la Kiswahili.

Najua wako Wakristo wanaofananisha kazi hii na mnara wa Babeli. Ni kweli kwamba mataifa makubwa yalishindana kujipatia jina, na hilo nitalisema mahali pake. Bali kupima mwendo wa mwezi ni kazi ya zamani ya Kanisa lenyewe. Pasaka haina tarehe yake katika kalenda kama Krismasi ilivyo nayo. Mkutano wa Nikea wa mwaka 325 ulitaka Wakristo wote waifanye siku moja, na hesabu iliyofuatwa baadaye ni Jumapili ya kwanza baada ya mwezi mpevu utokeao tarehe 21 Machi au nyuma ya hapo. Mwaka 2024 mwezi ulikuwa mpevu Jumatatu tarehe 25 Machi, na Pasaka ikawa Jumapili tarehe 31. Mchungaji atangazapo Kwaresima, yatangazwa kwa hesabu ya setilaiti ya asili. Na jirani zetu Waislamu hutazamia mwandamo wa mwezi uo huo wapate kufunga na kufungua.

Watu wa pwani wana haja na mwezi kuliko sisi wa milimani. Mwezi huvuta maji ya bahari, na jua nalo huyavuta kwa nguvu zilizo chache zaidi. Mwezi unapoandama na unapokuwa mpevu, vyote viwili huvuta katika mstari mmoja, maji hujaa sana na kupwa sana, nao huita bamvua. Mwezi ukiwa nusu, mivuto yapingana, na hayo ndiyo maji mafu. Mvuvi wa Ngomeni, hata kama hakuingia shule siku moja, hujua kwa kutazama mwezi ni saa gani atakayoweza kupita juu ya mwamba na mashua yake.

Sasa, kwa nini mwezi hauanguki? Swali hili watoto huliuliza kila mwaka, nalo ni swali zuri kuliko majibu mengi wanayopewa. Jibu la kweli ni kwamba waanguka. Mwingereza Isaac Newton, katika kitabu chake cha mwaka 1687, ndiye aliyelifumbua jambo hili, naye alitumia mfano wa mlima mrefu sana. Sisi tunao wetu. Mtu na asimame juu ya kilele cha Meru, ameelekea mashariki, atupe jiwe. Litaanguka karibu, mwituni. Likitupwa kwa nguvu zaidi litaanguka nyikani upande wa Ngare Nanyuki, na kwa nguvu zaidi litavuka mabega ya Kilimanjaro. Likizidishiwa tena litapita juu ya nyika ya Tsavo na kuanguka Malindi, maana Malindi iko mashariki ya Meru sawasawa, mwendo wa kilometa 375 hivi. Kila mara laanguka. Lakini dunia ni mviringo, na uso wake wainama chini ya jiwe. Kitu kiangukacho hushuka yapata mita 5 katika sekunde ya kwanza, na uso wa dunia wainama yapata mita 5 katika mwendo wa kilometa 8. Basi jiwe likitupwa kwa mwendo wa kilometa 8 katika sekunde moja, laanguka mita 5, na nchi iliyo chini yake nayo imekwisha kuinama mita 5, hata jiwe halikuikaribia nchi. Litaendelea kuanguka hivyo pasipo kufika chini, mpaka baada ya saa moja na nusu hivi litatokea nyuma ya mtu yule, kutoka magharibi. Jiwe hilo sasa ni setilaiti.

Juu ya Meru penyewe haiwezekani, kwa kuwa hewa ingelizuia jiwe na kuliunguza. Ndiyo sababu chombo huchukuliwa kwanza na roketi mpaka juu ya hewa nzito, kilometa 200 na zaidi, kisha husukumwa kwa ubavu. Watu wengi hudhani kazi ya roketi ni kupanda tu, lakini sehemu kubwa ya nguvu zake hutumika katika kule kusukuma kwa ubavu.

Mwezi uko mbali, kilometa 384,400 kwa wastani, na huko mvuto wa dunia umepungua sana, hata katika sekunde moja waanguka milimeta moja na kitu tu, kadiri ya unene wa sarafu. Kadiri chombo kilivyo mbali ndivyo kizungukavyo polepole. Kilicho juu kilometa mia kadha hutimiza mzunguko kwa dakika 90 hivi, na mwezi kwa siku 27 na saa 8. Katikati ya hizo pana mahali pa ajabu, kilometa 35,786 juu ya mstari wa ikweta, ambapo mzunguko huchukua siku moja kamili. Chombo kilichowekwa hapo chazunguka pamoja na dunia, nasi twakiona kama kimesimama. Masahani ya televisheni yaliyo juu ya mapaa ya Kikatiti hayageuki usiku wala mchana kwa sababu hiyo: yanaelekea miezi isiyoondoka mahali pake.

Setilaiti ya kwanza ya kufanyizwa ilirushwa na Warusi tarehe 4 Oktoba 1957, jina lake Sputnik. Ilikuwa tufe la chuma lenye upana wa sentimeta 58 na uzito wa kilo 84 hivi, nayo haikufanya kazi kubwa ila kulia katika redio. Wamarekani waliisikia wakafadhaika, maana roketi iwezayo kupandisha tufe lile iliweza pia kuwaletea bomu. Wakarusha ya kwao tarehe 31 Januari 1958, kisha wakaazimia kumpandisha mtu. Hapo ndipo kisiwa cha Unguja kilipoingia.

Sauti ya redio ya namna hiyo huenda moja kwa moja kama mwanga, wala haipindi kuufuata mviringo wa dunia. Kituo kimoja kikisikiliza chombo kipitacho chini hivyo chaweza kukisikia dakika chache tu, kisha chombo chazama nyuma ya upeo. Kwa hiyo Wamarekani walihitaji kamba ya vituo 18, vingine nchi kavu na vingine melini, ili mtu aliye juu asipotee masikioni pao muda mrefu. Katika Afrika walichagua Kano ya Nigeria na Unguja. Mwaka 1960 walipatana na Waingereza, ambao wakati ule walikuwa wakiilinda Zanzibar, wakajenga kituo Tunguu, upande wa mashariki wa mji. Tarehe 20 Februari 1962 John Glenn aliizunguka dunia mara 3. Toka juu ya Kano mpaka juu ya Unguja hazikupita dakika 10, na watu waliokuwa Tunguu walinena naye kwa redio na kupima mapigo ya moyo wake, yeye akipita juu yao kwa mwendo wa kilometa 28,000 kwa saa.

Watu wa Unguja hawakukubaliana juu ya kituo kile. Wafuasi wa chama cha Hizbu walikipinga kwa maandamano, wakisema ni mahali pa roketi za vita, na ya kuwa mataifa makubwa yakipigana kisiwa kitapigwa kwa ajili ya ugomvi usio wake. Wako wanaocheka maneno haya leo. Mimi sicheki. Ni kweli kwamba Tunguu hapakuwa na roketi hata moja, palikuwa na mitambo ya kusikilizia tu. Lakini roketi iliyompandisha Glenn, iitwayo Atlas, ilibuniwa kwanza ili ichukue bomu, na mapatano yale yalifanywa na Waingereza kwa niaba ya watu wa kisiwa. Mtu akiona jirani anajenga dungu mpakani pa shamba lake, halafu akauliza ni la kulindia nini, swali lake si la ujinga. Baada ya Mapinduzi ya tarehe 12 Januari 1964 serikali mpya ilitaka kituo kiondolewe, kikaondolewa mwaka ule ule. Kazi yake ilichukuliwa na kituo cha Madagaska.

Wakati Tunguu ilipokuwa ikifungwa, kazi nyingine ilikuwa inaanza kaskazini zaidi. Profesa mmoja wa Chuo Kikuu cha Roma, Luigi Broglio, alikuwa akitafuta mahali ambapo Italia ingeweza kurushia setilaiti. Kwao hapakufaa, maana roketi hurushwa kuelekea mashariki, na mashariki ya Italia kuna nchi zenye watu wengi, na chuma kikianguka kitawaua. Tena alitaka mahali palipo karibu na ikweta. Sababu yake ni hii: dunia yajizungusha kuelekea mashariki, na watu walio karibu na ikweta huchukuliwa nayo kwa mwendo wa kilometa 1,670 hivi kwa saa, pasipo wao kusikia. Roketi irushwayo hapo huanza safari ikiwa na mwendo huo tayari, bure, kama mtu arukaye toka gari liendalo. Broglio akaiona ghuba ya Ungwana, karibu na Ngomeni, kaskazini ya Malindi, digrii 3 kasoro kidogo kusini ya ikweta, na mbele yake mashariki ni Bahari ya Hindi tupu.

Hapakujengwa nchi kavu. Waitalia walileta majukwaa makubwa ya chuma, namna ya yale yatumikayo kuchimba mafuta baharini, wakayasimamisha kwa miguu iliyozama katika mchanga wa ghuba. Moja liliitwa Santa Rita, ambalo watu walikaa ndani yake wakiongoza kazi, na la pili San Marco, ambalo roketi ilisimamishwa juu yake. Nyaya zilipita majini toka moja hata jingine. Mwaka 1964 walianza kwa roketi ndogo za kupima hewa. Tarehe 26 Aprili 1967 wakarusha setilaiti iitwayo San Marco 2, nayo ikawa ya kwanza kupanda mbinguni toka pwani yetu. Kazi yake ilikuwa kupima jinsi hewa ilivyo nyembamba huko juu ya ikweta, kwa kuangalia kadiri inavyokipunguzia chombo mwendo.

Itazame pwani ile, msomaji. Mwezi Aprili 1498 Vasco da Gama alifika Malindi akitafuta njia ya Bara Hindi asiijue. Mfalme wa Malindi akampa rubani, mtu aliyejua nyota na misimu ya pepo, na kabla ya mwisho wa mwezi wa Mei Wareno walikuwa wamefika Calicut. Kwa hiyo mwaka 1967 haukuwa mara ya kwanza kwa wageni wa Ulaya kufika Malindi wakihitaji mbingu na bahari ya mahali pale ili wafike walikotaka. Rubani yule alilijua jambo ambalo wageni wake hawakulijua, na kwa ajili hiyo walimhitaji. Miaka 469 baadaye watu wa Ngomeni walitoa ghuba na mikono ya kazi, na elimu ilikuja kwa meli pamoja na vyuma. Tofauti hiyo yaniuma kidogo kila niifundishapo.

Nafika sasa kwenye ule mwezi wenye jina letu. Wamarekani walitaka kurusha chombo cha kutazama miale ya eksirei itokayo katika nyota. Miale hii ni ile ile itumiwayo hospitali kupiga picha ya mfupa, nayo ikitoka nyotani haifiki chini, kwa kuwa hewa yaizuia kabisa, jambo ambalo ni rehema kwetu ila ni taabu kwa wenye falaki. Chombo kilikuwa na uzito wa kilo 140 hivi. Walikileta Malindi, Waitalia wakakirusha kwa roketi ya Kimarekani iitwayo Scout, tarehe 12 Desemba 1970, siku Kenya iliposherehekea kutimiza miaka 7 ya uhuru. Msimamizi wa kazi upande wa Marekani alikuwa mwanamke, Marjorie Townsend, na ndiye aliyekipa chombo jina la Uhuru, kwa heshima ya watu wa nchi ile.

Uhuru kilizunguka dunia kila dakika 96, mara 15 kwa siku, bila kutoka zaidi ya digrii 3 kaskazini au kusini ya ikweta. Kikatiti iko digrii 3 na sehemu kidogo kusini. Hesabu yake yaonyesha kwamba baada ya kurushwa kuelekea mashariki, kilikwenda juu ya Bahari ya Hindi, juu ya visiwa vya Indonesia, juu ya bahari kuu ya Pasifiki, juu ya Amerika ya Kusini, kikavuka Kongo na ziwa Viktoria, kikapita karibu na utosi wa vichwa vya watu wa hapa, kama lile jiwe la Meru litokealo magharibi.

Chombo kile kilijipindua polepole, mara moja kwa dakika 12, kikifagia mbingu kipande kwa kipande. Kabla yake mianzi michache tu ya miale hiyo ilijulikana, kwa roketi ndogo zilizopanda na kushuka kwa dakika chache. Uhuru kilifanya kazi mpaka mwaka 1973, na orodha ya mwisho iliyotolewa kwa kazi yake ilikuwa na mianzi 339. Mmoja uko katika kundi la nyota liitwalo Cygnus, yaani Bata Maji. Uhuru kiliona mwanga wake wa eksirei ukitetemeka haraka mno, dalili ya kuwa kitu chenyewe ni kidogo sana kwa upana, nacho ni kizito kuliko jua. Kwa kufuatilia habari hiyo wenye elimu walifikia kusema kwamba hapo pana shimo jeusi, yaani nyota iliyojikunja kwa mvuto wake mwenyewe hata mwanga hauwezi kutoka ndani yake. Kiongozi wa elimu ya chombo kile, Riccardo Giacconi, mzaliwa wa Genoa aliyehamia Marekani, alipewa tuzo ya Nobel mwaka 2002. Uhuru chenyewe kilivutwa na hewa nyembamba pole pole, kikashuka na kuungua mwezi Aprili 1979.

Jina lilikuwa letu, na ghuba ilikuwa yetu, lakini alichokiona Uhuru kilisomwa Cambridge katika jimbo la Massachusetts. Sisemi haya kwa kulaumu. Wale walioyasoma ndio waliobuni chombo, na kazi yao ilikuwa njema, wakaitoa kwa ulimwengu wote. Ila mtoto wa shule wa Malindi, Mombasa au Arusha angeweza kusoma miaka 12 bila kuambiwa ya kuwa mlango huo mkubwa wa elimu ya nyota ulifunguliwa pwani kwao. Toka jukwaa lile zilirushwa setilaiti 9 kwa jumla.

Huenda msomaji anauliza, haya yote yamemfaa nini mkulima? Yamemfaa kuliko ajuavyo. Tarehe 15 Aprili 1872 tufani kubwa iliipiga Unguja. Haikutazamiwa na mtu awaye yote. Iling'oa sehemu kubwa ya mikarafuu ya kisiwa, ikavunja majahazi na merikebu za Sayyid Barghash zilizokuwa bandarini, na waliojua kuwa inakuja waliijua ilipokwisha kufika. Basi linganisha na tufani iitwayo Hidaya, ya mwaka 2024. Ilianza mbali baharini siku za kwanza za Mei, na tangu hapo setilaiti ziliitazama ikijizungusha. Mamlaka ya Hali ya Hewa ya Tanzania ilitoa onyo, vyombo vya baharini vikazuiwa, hata ilipofika Mafia tarehe 4 Mei watu walikuwa wameambiwa. Upepo ulikuwa upepo na mvua ilikuwa mvua, na hasara ilikuwako. Lakini nahodha wa 1872 angalitoa nusu ya mali yake apate siku 2 za kujua mapema.

Karibu na sisi zaidi, wengi wanakumbuka mwezi Julai 2007, nchi ilipotetemeka siku nyingi mfululizo. Tetemeko lililo kubwa, la tarehe 17 Julai, lilisikika Arusha mpaka Nairobi. Mahali pake palikuwa mlima Gelai, kusini ya ziwa Natron. Watu walinena mengi. Setilaiti moja ya nchi za Ulaya, iitwayo Envisat, ilikuwa na chombo cha kupeleka mawimbi ya redio chini na kupima yarudipo, hata huweza kujua nchi ikiinuka au kushuka kwa sentimeta chache. Walipolinganisha picha za kabla na za baadaye waliona ukanda wa nchi umedidimia kwa makumi ya sentimeta na kingo zake zimeachana. Chini yake mawe yaliyoyeyuka yalikuwa yamejipenyeza kama kabari katika kuni, pasipo kutokea juu. Mwezi Septemba Oldonyo Lengai ulilipuka. Hakuna aliyekuwa chini ambaye angeweza kuona kabari ile.

Habari ya theluji ya Kilimanjaro nitaigusa tu, maana imeandikwa mara nyingi. Mmisionari Johannes Rebmann alipoiona tarehe 11 Mei 1848 na kuandika habari zake, wako wenye elimu waliokaa London wakakataa kwamba theluji yaweza kuwa karibu na ikweta. Ramani iliyopimwa mwaka 1912 yaonyesha barafu yenye eneo la kilometa za mraba 12 hivi, na mwaka 2007 zilikuwa zimebaki pungufu ya 2. Tangu mwaka 1972 Wamarekani wamekuwa na setilaiti za Landsat zipigazo picha za nchi zote, na mtu ye yote aweza kupewa picha hizo bila malipo, hata kuuona upungufu huo mwaka kwa mwaka pasipo kubishana na mtu wa London. Hata urefu wa mlima ulipimwa upya kwa setilaiti mwaka 1999, ukaonekana kuwa mita 5,892, kasoro mita 3 ya kipimo cha Waingereza cha mwaka 1952. Na simu iliyo mfukoni mwa kijana wa pikipiki, imwonyeshayo njia ya King'ori, yajua mahali ilipo kwa kusikiliza saa zilizomo ndani ya setilaiti 4 au zaidi kwa mara moja, zilizo juu kilometa 20,200.

Nchi zetu nazo zimeanza kuwa na miezi yao. Rwanda ilipata yake mwaka 2019 na Uganda mwaka 2022. Kenya ilitangulia: tarehe 11 Mei 2018 ilitolewa angani setilaiti ya Chuo Kikuu cha Nairobi, sanduku lenye upana wa sentimeta 10 tu, iliyofanyizwa kwa msaada wa chuo kile kile cha Roma kilichokuja na Broglio. Miaka 2 kabla ya hapo Kenya na Italia zilikuwa zimetia sahihi mapatano mapya juu ya kituo cha Malindi, ambacho sasa chaitwa kwa jina la Broglio, ili Wakenya wapate sehemu iliyo kubwa zaidi ya mafunzo na ya habari zipokewazo hapo. Kisha tarehe 15 Aprili 2023 ikarushwa Taifa-1, iliyobuniwa na mainjinia wa Kenya ipate kutazama mashamba, mazao na maji. Watu waliitazama katika televisheni. Ilipanda katika roketi ya Kimarekani pamoja na vyombo vingi vya watu wengine, toka Vandenberg katika California, digrii 34 kaskazini ya ikweta. Kutoka ghuba ya Ungwana setilaiti ya mwisho kurushwa ilikuwa San Marco 5, tarehe 25 Machi 1988.